Paa la Mwaija

Huku Saadani mtu akifanya kazi nzuri mno, kisha uzuri wake ukaja kumdhuru, watu husema, "Hilo ni paa la Mwaija," na husema huku wanacheka. Wengi wao hawakumwona Mwaija. Hawajui kwamba paa lile lilifungwa kwa ajili ya mtoto, na kwamba mtoto mwenyewe hakulala chini yake hata usiku mmoja.

Mwaija binti Pazi alizaliwa hapa hapa. Mama yake alikuwa msusi wa makuti, akamfundisha kusuka kabla hajajua kujichana nywele. Aliyapinda majani ya mnazi juu ya kijiti cha upau, akayashona, akayaanika, na vidole vyake vikawa vigumu kama kwato za mbuzi. Lakini kusuka ni nusu ya kazi. Nusu ya pili ni kulifunga kuti juu ya fito kwa kamba ya usumba wa nazi, na hapo mama yake alikuwa na desturi aliyoirithi kwa wazee wake. Paa la kazi ya watu hufungwa fundo moja, nalo latosha, kwa maana kuti litaoza kabla fundo halijalegea. Paa la mwanao wa kumzaa hufungwa mafundo mawili, na ukilikaza la pili unataja jina la yule atakayelala chini yake.

"La kwanza la mvua," mama yake alimwambia. "La pili la mtu."

Mama alikufa kabla ya kumfungia bintiye paa. Mwaija akaolewa na Mbaruku wa Mkange, mwanamume mfupi, msafi, aliyekuwa amehamia huku Saadani, akinunua uduvi na kuupeleka bara. Mbaruku hakuwa mlevi wala mpigaji. Sifa yake kubwa, aliyoipenda kuliko kanzu yake ya Idi, ni kwamba harudi nyuma kwa neno alilokwisha kulisema. "Mimi neno langu moja," alikuwa akisema, na watu wakamheshimu kwa hilo, kwa kuwa hawakuwa wao waliokuwa wakilala nalo chumba kimoja.

Alipomuoa mke wa pili, Mina, Mwaija hakugomba. Talaka yake ilitoka kisimani. Alichelewa kurudi, mama mkwe anangoja maji ya kutawadha, Mbaruku akamfuata na kumwacha pale pale, mbele ya wanawake waliokuwa wamejitwika mitungi. Mwanamke mmoja alisahau kufunga mdomo. Mwaija alikwenda na mtungi wake mpaka nyumbani, akammiminia mama mkwe maji ya kutawadha, ndipo akachukua mkeka wake akaenda kwa shangazi yake, Sihaba.

Wazee walikaa kusikiliza habari ya mtoto. Tabia, mtoto wa Mwaija na Mbaruku, alikuwa bado mdogo, ananyonya kidole akisinzia.

"Huyu mtoto atalala wapi?" akauliza Jumbe Mwinyijuma.

"Kwangu ni jikoni," akajibu Shangazi Sihaba, "na jikoni pana mafiga, pana kuni, pana Mwaija. Huyu mwenyewe akilala, miguu yake iko nje."

Watu wakacheka. Mbaruku alingoja kicheko kiishe.

"Mimi si mkatili," akasema. "Mtoto ni wetu sote. Siku nitakapoliona paa la Mwaija limesimama, lake yeye, si la shangazi wala la mjomba, Tabia nitamleta mwenyewe, kwa mkono wangu huu. Neno langu moja."

Basi Mwaija akawa mwezekaji wa nyumba za watu. Alipanda juu ya mapaa kama mwanamume, kanga kaifunga kiunoni, wanawake wakimwambia kwamba ndiyo maana aliachwa. Jioni alirudi jikoni kwa Sihaba.

"Mikono kama hiyo," Sihaba alikuwa akisema, akimsogezea chungu, "na mwenye mikono analala kwenye jivu. Mungu ana vituko vyake."

Miti ya nguzo, na ya makombamoyo yanayobeba paa, ilikuwa inatoka mbali, nayo ilitaka watu wa kuikata na kuibeba. Mwanamke aliyeachwa hana watu. Mwaka ukapita, na mwingine. Tabia akang'oka meno ya mbele. Mwaija alikuwa akimwona kisimani tu, mtoto wa Mina amefungwa mgongoni mwake, na shingo ya Tabia imeinama kama ya mtu mzima. Walisalimiana upesi. "Shikamoo mama." "Marahaba mwanangu. Umekula?" "Nimekula." Mtoto wa mgongoni akilia, Tabia alikuwa akimrusharusha kwa mwendo ule ule aliorushwa yeye, na Mwaija aliuona mwendo wake mwenyewe katika kiuno cha mwanawe.

*

Wakati wa kipupwe, mwaka wa hamsini na sita, wakaja wageni. Walikuwa profesa mmoja wa chuo kikuu cha Ulaya, mrefu, mpole, mwenye kofia ya majani, na wanafunzi wake, vijana waliobabuka pua kwa jua. Pamoja nao alikuja Ausi, mwalimu wa shule kutoka Bagamoyo, awe mkalimani. Walipiga mahema yao nyuma ya kijiji, kwenye uwanda ule usioota kitu ila nyasi za chumvi. Jumbe akawaita watu wasikilize.

"Chuoni kwao," Ausi akaeleza, "inafundishwa elimu ya ndege isiyokimbia ndipo iruke. Hii huinuka pale pale ilipo, wima, kama ndoo inavyovutwa kisimani, na hushuka vile vile. Inaitwa helikopta. Wanataka siku moja iweze kushuka kijijini, imchukue mjamzito aliyeshindwa kujifungua, imfikishe hospitali kabla hajafa."

Kila mwanamke pale alikuwa na jina la mtu moyoni.

"Lakini ili ikae angani," Ausi akaendelea, "inausukuma upepo chini kwa nguvu. Wanajua upepo ule utazifanyaje nyumba za matofali za kwao, ila hawajui utayafanyaje mapaa ya makuti. Huko kwao hakuna makuti. Ndiyo sababu wamekuja kutafiti."

"Kwa hiyo wametoka Ulaya kuja kutuezua," akasema Hija, jirani yake Sihaba, mama wa mbuzi wengi na maneno mengi.

"Hawaezui zenu. Mtawajengea nyingine."

Kicheko kilichukua muda. Masharti yalikuwa mepesi. Wageni wataleta miti, wanakijiji watajenga vibanda, vyote sawa, kuta na mapaa ya makuti, vimepangwa kuzunguka duara la chokaa ambapo ndege itakaa juu yake. Majaribio yakiisha, kitakachobaki ni cha aliyekijenga, kiwe nyumba, kiwe miti, kiwe kuni. Jumbe akaongeza kwamba ardhi ile ni yake, na atakayekuta kibanda chake kinafaa, na akae.

Mwaija alikuwa amesimama nyuma. Aliposikia "miti wataleta wao", alijipenyeza mpaka mbele.

Juma hilo hilo Mbaruku alitangaza kwamba anahamia Lugoba. Kaka yake kampatia shamba. Ataondoka Ijumaa, baada ya sala, na mke wake na watoto wake wote. Wageni walikuwa wamesema kwamba ndege itakuja Alhamisi.

Mwaija akamwendea barazani, akasimama mbali kidogo kama inavyompasa mtalaka.

"Baba Tabia, neno lako bado lipo?"

"Limekwenda wapi?"

"Nikiwa na paa Alhamisi."

Mbaruku akamtazama, akatabasamu, maana alipenda kuulizwa hivyo. "Nikiliona limesimama, Ijumaa asubuhi mtoto yuko kwako. Nisipoliona, anakwenda Lugoba. Mimi sina la pili."

*

Wajenzi wote wa vibanda vile walikuwa na akili. Hija alipanga mambo yake mapema. "Wewe funga fundo moja, tena legelege," alimwambia Mwaija wakiwa juu ya mapaa yao. "Upepo uje uyachukue makuti upesi. Nguzo zitabaki, makombamoyo yatabaki. Makuti unayaokota, unaezeka upya kwa raha zako. Kibanda chako."

"Kuezeka upya ni siku ngapi?"

"Wewe na haraka yako wapi na wapi?"

Mwaija alijua hesabu ya Hija ni nzuri kwa mtu mwenye kesho. Yeye alitaka paa ambalo Alhamisi jioni litakuwa bado liko juu. Na hata kama pasingekuwa na Ijumaa, asingeweza. Angeweza kulifunga fundo moja paa la mtu yeyote Saadani, lakini mikono ilikataa kulifunga hivyo paa atakalolala Tabia.

Alilifunga mafundo mawili. Kuti baada ya kuti, fito baada ya fito, kamba inamkata vidole, analikaza la kwanza kimya na la pili kwa jina. Tabia. Tabia. Waliopita chini walidhani anahesabu.

Shangazi Sihaba alikuja na kupandisha macho. "Unafunga kama unafunga mwizi."

"Nafunga kwangu, shangazi."

"Kwako kutaanguka kama kwa wengine. Ila wenzako wataangukiwa na makuti, wewe utaangukiwa na nyumba."

Siku moja Tabia alikuja mwenyewe, mtoto wa Mina mgongoni. Mwaija alishuka, akamfungua yule mdogo, akamlaza juu ya makuti makavu, akampa Tabia ncha ya kamba aishike wakati yeye anavuta. Mtoto aliishika kwa mikono miwili, ulimi ukitokeza penye pengo la meno.

"Nitalala wapi?"

"Hapa. Ukifungua macho utaliona kuti hili."

"Na huyu?"

"Huyu ana kwao."

Tabia akamtazama yule mdogo. "Atalia," akasema. Kisha akalala chali pale pale chini, akafumba macho na kuyafumbua, akijaribu.

Siku ya mwisho Mwaija akafanya jambo ambalo wengine hawakulifanya. Alisuka kumba la makuti liwe mlango, akalifunga imara kwenye miimo. Nyumba ya mtoto haikai wazi.

*

Alhamisi watu walikuja mpaka wa Mkange. Wengine walikuja na vyakula. Watoto walikaa mbele, wakubwa nyuma, na Mbaruku akasimama pembeni na kanzu safi, Tabia mbele yake. Wanafunzi walikuwa wamechimbia vijiti vyenye vitambaa, na vyombo vyenye vikombe vidogo vinavyozunguka, ili wapime upepo. Walikuwa wachangamfu. Profesa alipokuwa akiwauliza jambo, walijibu kwa kushindana, na aliyejibu vizuri aligongwa begani.

Ndege ilitokea upande wa kusini, sauti kwanza, kisha yenyewe, kichwa kikubwa cha kioo na mkia mwembamba.

"Kereng'ende," wakasema watoto, na tangu hapo haikuitwa jina lingine.

Ilikaa juu ya duara la chokaa, haiendi mbele wala nyuma, mapanga yake yakizunguka mpaka hayaonekani. Ilipokuwa urefu wa minazi miwili, nyasi zililala. Ikashuka kidogo. Kibanda cha Hija kilianza. Kuti moja liliinuka kama mkono wa mtu anayeomba ruhusa, likaondoka, na mengine yakalifuata, yakapepea uwanda mzima. Kisha cha jirani, kisha kingine. Kila paa lilipoezuka, watu walipiga vigelegele, na wenyewe walicheka kuliko wote, wakikimbia kuokota. Nguzo zao zilibaki zimesimama wima, safi, kama samaki aliyeliwa vizuri.

Kibanda cha Mwaija kilitetemeka. Vumbi lilikipitia. Makuti yakalalia upande mmoja, yakarudi. Ndege ikashuka mpaka urefu wa mnazi mmoja, ikakaa hapo kitambo, kisha ikapanda na kwenda kutua kando, mapanga yakapungua, vumbi likatulia.

Paa lilikuwa pale pale.

Hakuna aliyepiga kigelegele. Mwaija alikuwa ameziba mdomo kwa kanga. Aligeuka kumtafuta Mbaruku, akamkuta anamtazama.

"Nimeliona," Mbaruku akasema kwa sauti ya watu wote kusikia. "Neno langu moja. Kesho asubuhi."

Mwaija alikwenda mbio jikoni kwa Sihaba. Akachukua mkeka, chungu, kata ya maji, na kigodoro kidogo cha sufi alichokuwa akikificha nyuma ya kuni tangu mwaka wa jana. Akafungua kumba, akaingia, akafagia vumbi la ndege kwa tawi. Alikuwa akikitandika kile kigodoro aliposikia mtu anabisha hodi. Alikuwa Ausi.

"Bi Mwaija, toa vyombo."

"Nitoe wapi?"

"Hawajamaliza."

Nje alikuwapo Profesa, na wanafunzi, na Jumbe Mwinyijuma. Profesa alivua kofia kumsalimu. Aliongea kwa upole, polepole, na Ausi akageuza.

"Anasema umejenga vizuri sana. Anasema nyumba zile zilizovuliwa mapaa zimekwisha kumwambia kitu. Hii bado haijamwambia kitu. Anataka kujua itavunjwa na nini."

"Mwambie alisema itakayobaki ni yangu."

Ausi akasema. Profesa akaitikia kwa kichwa.

"Anasema ndivyo. Majaribio yakiisha."

"Mwambie nina mtoto."

Ausi akasita, akasema. Profesa alimtazama Mwaija kwa macho ya huruma kweli, akajibu maneno mengi kidogo.

"Anasema ni kwa ajili ya akina mama kama wewe."

Mwaija akarudi ndani, akakaa juu ya mkeka. Alikaa tu, mikono magotini, kama mwanamke anayengoja wali uive.

Nje watu walikuwa wamesogea. Hija alikuwa na mzigo wa makuti kichwani. "Yetu yamepepea, yake yana nini?" akasema. "Kumbe sisi wa fundo moja ndio wajinga."

"Anataka kumshinda Mzungu."

"Mwacheni akae. Ataruka nayo mpaka Unguja."

Wakacheka. Kijana mmoja akaanza kuimba, "Ishuke, ishuke," wengine wakapokea kwa makofi, na hata watoto wakaingia, maana ulikuwa wimbo mwepesi.

Jumbe Mwinyijuma aliinama mlangoni. "Mwaija, toka."

"Jumbe, ulisema atakayekuta kibanda kinafaa akae."

"Nilisema. Na ardhi ni yangu, na nasema toka. Hawa wakienda kushusha ndege yao kijiji kingine kwa sababu ya kibanda chako, watu wataniuliza mimi. Usitutie aibu mbele ya wageni."

Hakutoka. Aliyemtoa ni Shangazi Sihaba. Aliingia, akakikunja kigodoro, akachukua chungu, akamshika Mwaija mkono kama anavyoshikwa mfiwa.

"Chema hakidumu," akasema. "Nilikwambia ufunge vibaya."

Profesa alikizunguka kibanda mara moja na wanafunzi wake, akakuta jambo la kuwafundisha. Vibanda vingine havikuwa na mlango. Hiki kilikuwa na kumba, kwa hiyo havikuwa sawa, na visivyo sawa havipimwi pamoja. Wanafunzi wawili walilikata kumba, wakaliegemeza kando kwa uangalifu, wasiliharibu. Tundu la mlango likabaki wazi, likitazama duara la chokaa.

Kisha akawauliza wanafunzi wake kitakachotokea. Ausi alikuwa karibu na Mwaija, akawa anageuza kwa sauti ya chini, pengine kwa mazoea tu. Mmoja alisema ukuta utaanguka kwanza. Wa pili alisema makuti yatachomoka kama ya wenzake. Wa tatu, mwembamba mwenye miwani, alifikiri, akasema kwamba makuti hayatachomoka kwa kuwa yamefungwa mno. Upepo utaingia mlangoni, utakosa pa kutokea, na paa litaondoka zima.

Profesa akamgonga begani.

*

Safari hii ndege ilishuka mpaka ikawa chini ya kilele cha mnazi, watu wakarudi nyuma wamejifunika nyuso. Upepo ukaingia mlangoni. Paa lilivimba kama tumbo la mtu anayevuta pumzi. Mwaija aliyasikia makombamoyo yakilia, moja, moja, katikati ya ngurumo ile. Hakuna kuti lililochomoka, wala fundo lililoachia. Paa likajing'oa juu ya nguzo, zima, na makombamoyo yake na fito zake, likapanda angani likiwa bado paa, na kwa kitambo kidogo kivuli chake kilipita juu ya watu kama kivuli cha nyumba. Kisha likageuka tumbo juu, likapiga chini mbali na pale, likavunjika mgongo. Nguzo lilizozikokota zilikuwa zimelala. Ukuta mmoja ukasimama kidogo, nao ukakaa chini.

Kelele za watu zilishinda za ndege. Halijapata kuonekana Saadani tamasha kama lile. Watoto walirukaruka, wakipiga makofi, na Tabia alikuwa katikati yao, anapiga makofi na kucheka kwa pengo lake lote. Alizungusha macho katika watu mpaka alipompata mama yake.

"Mama," akapaza sauti, "umeona?"

"Nimeona," Mwaija akasema.

Ndipo mtoto alipoutazama mlango ulioegemezwa kando, na mahali pasipo na kitu, na mikono yake ikabaki hewani, haijakutana.

Mwaija alivuka uwanda mpaka kwa Mbaruku. Hakusimama mbali.

"Baba Tabia, uliliona. Ulisema mbele ya watu, nimeliona."

"Nililiona." Mbaruku alikuwa anakung'uta vumbi kwenye kanzu. "Sasa silioni."

Mtu mmoja nyuma akacheka puani.

"Nipe juma moja tu. Mikono ninayo."

"Safari ni kesho."

"Mwache abaki na mimi jikoni. Nitalala nje mimi."

"Mwaija," akasema, na sauti yake haikuwa ya ukali, "mimi nikirudi nyuma leo kwa hili, kesho nitarudi kwa lingine. Nilisema limesimama. Tabia, twende. Mtoto analia huko."

Alasiri ile wenzake waliezeka upya. Makuti yao yalikuwa yamefunguka bila kuharibika, makombamoyo yao yapo, ilikuwa kazi ya kucheka na kuimba. Hija alimaliza kabla ya jua kuzama, akawaingiza mbuzi wake waone kama kinafaa. Mbuzi waliridhika. Mwaija alikaa kando ya paa lake lililopinduka. Alijaribu kulifungua kuti moja. Fundo lilikataa. Akajaribu kwa meno.

Yule mwanafunzi mwenye miwani akaja na Ausi, akachuchumaa, akaligusa lile fundo kwa kidole.

"Profesa anasema watarudi mwakani," Ausi akasema. "Wanataka vibanda vingi vilivyofungwa hivi hivi, wavijaribu kwa ndege kubwa zaidi. Huyu anaomba umwonyeshe."

Mwaija akachukua kipande cha kamba, akakifunga juu ya ufito uliovunjika. La kwanza. La pili. Kijana akafuata. Alikosea, akarudia, na mara ya tatu likatoka vizuri, gumu, limekaa sawasawa. Akafurahi.

"Anauliza fundo hili linaitwaje."

Mwaija alilitazama fundo la yule kijana.

"Halina jina," akasema.

*

Ijumaa baada ya sala Mbaruku na watu wake walikuwa wamekwisha kujipanga njiani, Mina mbele na kapu, wabebaji na mizigo. Mwaija alikuja na kile kigodoro cha sufi, na kanga yake moja, na mkate wa kumimina aliouamkia alfajiri. Hakuna aliyemkataza. Akapiga magoti mbele ya Tabia, akavitia vyote ndani ya kanga, akakusanya pembe zake.

Mtoto alikuwa ameshika mkono wake wa kulia kwa mkono wa kushoto, kana kwamba aliuonea haya.

"Nilipiga makofi," akasema.

"Wote walipiga, mwanangu."

"Sikujua ni kwetu."

Mwaija alizivuta pembe za kanga, akafunga. Vidole vilikwenda vyenyewe kutafuta fundo la pili, vikalianza. Akaviona. Alifikiria Lugoba, na kibanda asichokijua, na mtoto gizani na njaa yake, anavuta kwa vidole vidogo kitu kisichofunguka, na Mina akija na kisu. Akalifungua lile la pili. Akaacha moja tu, lile la kazi ya watu, legelege, ili mtoto aweze kulifungua mwenyewe.